Watu wa taa wamerudi Lamu: nani aliwahi kukutana nao? Tupeane uzoefu

Mpita_Usita
Asalaam aleikum wadau. Leo asubuhi nimepita kichochoro kimoja Mkomani nikaona mshumaa umewashwa chini ya mlango wa nakshi, nta imetapakaa kizingitini. Moyo ukanipiga paa. Nikajua ndio hao.

Kwa wageni humu: ni ile dini isiyo na mtume wala kitabu. Wanasema Mungu hakai mbinguni, anawaka ndani ya vitu ambavyo binadamu ametunga kwa akili na mikono yake. Wimbo ni mwali, mlango ni mwali, hata samaki wa kupaka ni mwali. Jina lao refu silishiki, sote twawaita watu wa taa. Mie walinilipa niwatembeze siku tatu, ya tatu nikatoroka kwa sababu walitaka kumsujudia fundi wangu wa kofia, na mzee wa watu ana presha. Wewe yalikukuta yepi?

Bint_Langoni
Walinikuta uani nakuna nazi. Mmoja akapiga magoti mbele ya mbuzi. Nikamwambia, baba, huyu ni wa kukunia, si wa kuchinja.

Punda_Hachoki
Hahahaaa. Nuru gani na huku kwetu stima imepotea tangu alasiri.

Mwl_Mstaafu
Wala si jambo geni. Durkheim, msomi wa Kifaransa, aliandika mwaka 1912 kwamba watu wanapomwabudu mungu wao, kwa hakika wanaiabudu jamii yao wenyewe. Tofauti ni kwamba hawa wamekuja kuabudu jamii ya wengine.

Punda_Hachoki
Mwalimu, hapa tunasimuliana. Mtihani lini?

Mjukuu_Matondoni
Nimekaa na hili miaka miwili. Mimi ndiye niliyewapeleka kwa bibi yangu.

Bibi husuka ukili. Kila siku baada ya alasiri huketi barazani na chane zake, na mkono ukianza kwenda na sauti huanza kwenda. Nyimbo za harusi, za vyombo vilivyokwenda visirudi, nyingine hata mamangu hazijui. Hakuna aliyemuomba aimbe. Ilikuwa kama kuhema.

Siku ya kwanza walikaa kimya, wakarekodi, mmoja akatokwa na machozi. Bibi akafurahi, akawapa kahawa ya tangawizi. Mimi nikapewa elfu tatu.

Siku ya tatu wakaja tisa, wote nguo nyeupe, saa ya magharibi. Bibi ametoka kuswali, bado yuko juu ya musala. Wakamtandika shuka nyeupe mabegani, wakapanga mishumaa duara, kisha wakajilaza kifudifudi wakivuma kama nyuki. Akaniuliza, "Kuna nini?" Mie na zile elfu tatu mfukoni nikamjibu, "Wanakuheshimu, bibi."

Akatazama shuka. Akatazama watu waliojipanga kimya. Nikamwona uso unageuka. "Hawa wamekuya kunisalia? Mbona mato yangu yangali wazi!"

Akainuka kwa haraka, shuka ikapitia mshumaa, pindo likashika moto. Nikaukanyaga kwa ndara zangu. Moto ukarukia ule ukili alioukunja pembeni, kazi ya miezi miwili, ukaungua kama pima tatu hivi kabla sijapata ndoo ya maji. Na wale? Wakadhani ndiyo ishara waliyokuwa wakiingoja. Mmoja akapiga makofi.

Bibi aliniambia nirudishe pesa. Asubuhi walikuwa wameshapanda boti, na sauti yake wanayo wao ndani ya mashine. Elfu tatu ziliishia kwenye deni la duka. Tangu siku ile anasuka kimya.

Shela_Juu
Pole ndugu. Nimesoma mara mbili.

Mkaa_Barazani
Hiyo ni shirki na ndiyo matokeo yake. Surat Nur aya ya 35 iko wazi: Mwenyezi Mungu ni nuru ya mbingu na ardhi. Nakshi ni kazi ya seremala, basi.

Mpiga_Twari
Sawa sheikh, ila Maulidi ikifika nawe si wamo safuni unayumba kushoto na kulia?

Mkaa_Barazani
Usilinganishe! Pale anasifiwa Mtume, halisifiwi twari.

Mpiga_Twari
Basi mbona mwaka juzi uligombana na mtu kwa sababu ya twari?

Mkaa_Barazani
Lilikuwa langu!

Mpita_Usita
Jamani. Maulidi iacheni. Turudi kwenye mada.

Nahodha_Maji_Mafu
Ami zangu, hayo ni mchezo. Mimi niliwapeleka Takwa usiku ukatukuta.

Mwaijua ile ndia ya mikokoni kule Manda. Maji yakijaa wapita na mashua mpaka karibu na magofu, yakipwa hata kaa hujuta. Nikawaambia, saa kumi na moja jioni tuwe tumeng'oa. Wao wamekaa mbele ya ile nguzo ya kaburi, ile yenye mwaka 1094 wa Hijria, wanangoja jua lizame iwake. Ati watu wa Takwa walihama lakini mwanga wao umebaki ndani ya mawe. Nikasema, mwanga siujui, ila maji yaondoka. Ilikuwa bamvua, maji hujaa sana na hupwa sana. Wazee wa Shela nao huenda pale kuomba mvua, lakini hutazama maji kwanza.

Tuliporudi, mashua imekaa juu ya tope kama kuku alaliaye mayai. Tukalala humo humo. Mbu wa mikokoni mwawajua. Yule mkubwa wao, aliyekuwa akinihubiria kwamba kila tendo la binadamu ni takatifu, saa sita usiku alikuwa amejifunga tanga kichwani analia kwa sauti. Nikachoma makumbi, moshi ukamtoa makamasi. Tumekuja kuelea saa tisa.

Nauli sikupewa. Akaniambia safari ile ilikuwa sadaka yangu kwa nuru.

Bint_Langoni
Amejifunga TANGA?

Punda_Hachoki
Nahodha, picha iko?

Shela_Juu
Mimi nilimwona akishuka jetini asubuhi ile! Uso kama andazi lililozidi hamira. Nilidhani ameumwa na nyuki.

Mtu_wa_Gede
Nyinyi wa Lamu mwacheka. Huku Malindi, tangu yale ya Shakahola mwaka 2023, waumini kufungishwa chakula hadi kufa na miili zaidi ya 400 kufukuliwa msituni, mtu akitaja dini mpya hatuulizi inafundisha nini. Tunauliza waumini wake wanakula.

Hawa wanakula, hilo nawapa. Kwa babu yangu walimaliza sima sufuria nzima. Balaa likaja walipoona vigango, zile nguzo za mbao za kuwakumbuka marehemu wa Gohu, chama cha wazee wa Kigiriama, wakataka kimoja kihamishwe kikawake mahali ambapo kila mtu atakiona. Kigango hakihamishwi. Hata nyumba ikihama, chenyewe huachwa pale pale kioze. Na kuna walioviona vizuri kabla yao, wakaviiba, vikaishia makumbusho za Marekani. Viwili vilirudishwa mwaka 2007, na vingi bado viko huko.

Babu hakuwafukuza. Akawaambia koma, yaani roho za wazee waliokufa, lazima wapewe mbuzi na mnazi kwanza. Wakaleta. Mbuzi tukamla, mnazi ukanywewa, kigango kikabaki kimesimama.

Punda_Hachoki
Babu apewe uwaziri. Ila wa Malindi nendeni mkaongee Kiitaliano, uzi huu ni wa Lamu.

Mtu_wa_Gede
Nawe kafagie mavi ya punda.

Mpita_Usita
Sasa tufanyeje? Wako Mkomani, huenda kesho wako mlangoni kwako.

Bint_Langoni
Nauli mara tatu, na mkononi kabla ya kupanda.

Mkaa_Barazani
Msichukue hata senti. Kapigeni ripoti kwa chifu.

Shela_Juu
Ripoti ya nini, kuwasha mshumaa? Wapeni biriani, wakishiba watalala.

Mpiga_Twari
Mimi nasema tuwaimbie nyimbo za matusi, wazirekodi.

Mwl_Mstaafu
Kwa hilo naunga mkono.

Nahodha_Maji_Mafu
Takwa nawapeleka tena. Bamvua ijayo.

Bint_Langoni
Wewe Mjukuu umenyamaza. Bibi yupo?

Mjukuu_Matondoni
Yupo dada. Juzi nimempelekea mkate wa mofa, nikamsikia tangu nje, anachambua mchele na anaimba. Kidogo tu, kama mtu anayeongea na nafsi yake. Nikasimama kizingitini nisimkatishe, lakini jua lilikuwa mgongoni kwangu, kivuli kikatangulia ndani.

Akanyamaza. Akaniuliza, "Umekuya na nani?"