Waliotoka kubeba vyombo hadi kuongoza filamu, tupeane uzoefu

Mwanzisha mada, Langoni, Lamu:
Asalaam aleikum wenzangu. Naomba tusikie kwa waliotoka nyuma ya kamera wakafika kuongoza. Tosh Gitonga alikuwa msaidizi wa mwongozaji kabla ya kuongoza Nairobi Half Life ya 2012, lakini huko ni Nairobi. Huku kwetu watu hupitia wapi?

Naanza na yangu. Nilikodiwa pamoja na punda wangu wawili. Vichochoro vya Lamu havipitishi gari, basi taa, betri na jenereta huenda kwa punda au kwa bega. Siku ya tatu nikaiona ratiba: jahazi litie nanga ufukoni Shela saa nne asubuhi. Na mwezi ulikuwa umeandama juzi yake! Siku za bamvua, yaani maji makubwa ya mwezi mchanga au mpevu, kwetu maji hupwa saa nne kwenda saa tano. Jahazi lingelala ubavu mchangani. Nilimfuata msaidizi wa mwongozaji moyo ukinidunda, maana mbeba mizigo hana kauli pale. Akanisikiza. Picha ikapigwa saa kumi jioni, maji yamejaa.

Tangu siku hiyo nikawa napewa ratiba niipitie, kwa kuwa maji huchelewa kama dakika 50 kila siku. Baada ya miaka sita nikawa msaidizi. Filamu yangu ya kwanza ni ya dakika 12, ya mzee mshona kofia. Kilichonitoa jasho ni kumwambia mtu wa umri wa babangu, "Turudie, mzee wangu." Mara ya tatu nikanyamaza, nikamwacha ashone. Hiyo ndiyo iliyobaki kwenye filamu.

Dada wa Malindi:
Waaleikum salaam kaka. Mimi nilikuwa wa sauti, miaka minne nimeinua maikrofoni juu ya vichwa vya watu. Mwezi wa saba kusi inavuma, mkono unakufa ganzi, na nusu ya maneno yanachukuliwa na upepo. Lakini ukivaa zile za masikioni unasikia ambayo mwongozaji haoni: mwigizaji asiyeliamini neno lake huvuta pumzi kabla ya kulisema. Kila usiku nilikuwa nikiyaandika hayo daftarini, na nilipopata nafasi ya kuongoza, daftari hilo ndilo nililoingia nalo. Kampuni moja haikuniandika jina mwishoni mwa filamu. Inaniuma mpaka leo. Kwangu mimi hata aliyechemsha chai anaandikwa.

Kijana wa Watamu:
Shikamooni wakubwa. Mimi bado nabeba taa, mwaka wa pili sasa. Dada, siku ya kwanza kusema "anza" ilikuwaje?

Dada wa Malindi:
Marahaba mdogo wangu. "Anza" nilisema vizuri. "Kata" ndiyo haikutoka. Nilikuwa nimefumba macho nasikiliza, mpaka mpiga picha akanigusa bega.