Dogo kashtakiwa kuchana orodha ya wapiga kura. Klipu ya WhatsApp inatosha kumfunga?

Mtoto wa Tandika: Wakuu, heshima kwenu. Mdogo wangu ana kesi mahakama ya wilaya hapa Temeke. Anadaiwa kuchana orodha ya wapiga kura iliyobandikwa kituoni, siku chache kabla ya uchaguzi wa Oktoba 2025. Yeye anasema muda huo alikuwa dukani Kariakoo anakouza. Walichonacho ni klipu iliyozunguka kwenye magrupu (sura haionekani vizuri), shahidi mmoja wa mtaani, na maelezo aliyosaini polisi usiku. Dhamana tumepata, upelelezi umekamilika, wiki ijayo anasomewa hoja za awali. Hela ya wakili bado tunachangishana. Shahidi mmoja si hafifu jamani?

Kiroboto: Kesi ya uchaguzi halafu unauliza ushahidi? Rais akishatangazwa na Tume hapingiki mahakamani, Katiba ibara ya 41(7). Andaeni faini.

Mama Nuru: Kiroboto acha kumtia mwenzio presha. Ibara hiyo inahusu matokeo ya urais, huyu ana jinai. Jamhuri (upande wa mashtaka) ndiyo yenye kuthibitisha, tena bila kuacha shaka ya msingi.

Wakili wa Uswazi: Mleta mada, hilo la shahidi mmoja lisikupe moyo. Sheria ya Ushahidi haidai idadi. Mmoja akiaminika anatosha. Mbaneni kwenye utambuzi: alisimama umbali gani, mwanga ulikuwaje, alimfahamu dogo kabla, na alimtaja lini polisi. Shauri la Waziri Amani (ni jina la mtu, si cheo) la 1980 ndilo tunalokimbilia wote hapo.

Klipu inapokelewa. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 haikatai kitu kwa sababu tu kimetoka kwenye simu. Lakini anayeitoa aeleze ilirekodiwaje, ikahifadhiwaje, na nani aliirekodi. Klipu iliyotumwa na kutumwa tena kwenye magrupu ni mtoto asiye na baba. Askari akisema "nilirushiwa na raia mwema", hapo kuna kazi nzuri ya maswali.

Kama simu ya dogo ilichukuliwa, ulizieni hati ya ukamataji, nani alisaini, na simu imepita mikononi mwa nani. Paulo Maduka, rufaa ya 2007, ndiyo msingi wa hilo. Baadaye Mahakama ya Rufani ililegeza sharti hilo kwa vitu visivyobadilishika kirahisi, na simu yenye namba yake ya utambulisho (IMEI) wanaweza kuiingiza humo. Yaliyomo ndani ni suala jingine.

Maelezo ya polisi ndiyo yananitisha kuliko klipu. Yalitakiwa kuchukuliwa ndani ya saa nne tangu akamatwe, isipokuwa muda uliongezwa kisheria. Kama alilazimishwa, pingeni pale pale shahidi anapoomba yapokelewe. Mkinyamaza, kwenye rufaa mtahangaika.

Na wiki ijayo asiitikie kila kitu! Hoja anayoikubali inahesabika imethibitishwa. Jina, makazi, kukamatwa, basi.

Mstaafu wa PGO: Nyongeza. Huo utetezi wa kutokuwepo eneo la tukio una taarifa yake, itolewe mapema kabla usikilizwaji haujaanza. Mkiuibua siku ya kujitetea, hakimu anaweza asiupe uzito wowote. Nimeona vijana wanaumia hapo.

Mtoto wa Tandika: Asanteni sana wakuu. Zipo risiti za EFD (mashine ya kodi ya dukani) za siku ile zenye muda, ila hazina jina lake.

Wakili wa Uswazi: Hizo zinaonyesha duka lilikuwa wazi, hazisemi nani alikuwa kaunta. Aliyemuona kwa macho ndiye shahidi. Bosi wake aje.

Mama Nuru: Na kabla hamjamaliza mchango, pitieni Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu. Kuna Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, hata mahakamani anaweza kuomba.

Mtoto wa Tandika: Bosi anaogopa, anasema hataki jina lake lisikike kwenye mambo ya uchaguzi.

Wakili wa Uswazi: Basi muiombe mahakama imtolee wito. Akishaupokea, kuja si hiari tena.