Mjadala: Je, mkataba wa mtoto wa miaka 12 umfunge hata akishakuwa mtu mzima?

MLETA MADA

Ndugu zangu, naomba tujadili jambo ambalo limenikaa moyoni tangu niliposikiliza albamu ya Childstar (yaani "Nyota Mtoto") ya mwimbaji wa Marekani Grace VanderWaal, iliyotoka Aprili 2025. Swali langu ni hili: mtoto anapoingia kwenye biashara ya muziki na filamu, je, ahadi alizowekewa akiwa mtoto ziendelee kumfunga akifikisha miaka 18, au sheria impe nafasi ya kuzipitia upya?

Kwa wasiomfahamu, binti huyu alizaliwa Januari 2004 katika jimbo la Kansas na akakulia Suffern, mji mdogo wa jimbo la New York. Ukulele, lile gitaa dogo la nyuzi nne linalotoka Hawaii, aliipenda baada ya kumwona yaya Mbrazili aliyeishi kwao akiipiga, na ya kwanza aliinunua kwa fedha za zawadi ya siku yake ya kuzaliwa. Mwaka 2016, akiwa na miaka 12, alipanda kwenye jukwaa la America's Got Talent, shindano la vipaji la televisheni ya Marekani, akaimba wimbo alioutunga mwenyewe, "I Don't Know My Name" (yaani "Silijui Jina Langu"). Video hiyo nimeitazama mara nyingi. Ukulele ameibana kifuani, sauti ina mkwaruzo usioutarajia kwa mwili mdogo namna ile, na jaji Howie Mandel anapobonyeza kitufe cha dhahabu, kile kinachomvusha mshiriki moja kwa moja hadi hatua za mbele, vipande vya karatasi zinazong'aa vinammiminikia kichwani huku akilia. Jaji mwenzake, Simon Cowell, alimwita Taylor Swift ajaye, akimfananisha na yule mwimbaji nyota wa Marekani. Septemba mwaka huohuo akashinda.

Zawadi ilitangazwa kuwa dola milioni 1, lakini kwa masharti ya shindano lile fedha hizo hulipwa kidogo kidogo kwa miaka 40, au mshindi huchukua kwa mkupuo kiasi kilichopungua. Ukigawanya, ni dola 25,000 kwa mwaka kabla ya kodi. Hata hivyo zawadi haikuwa jambo kubwa kama yale yaliyofuata. Kampuni ya Columbia Records ilimsajili, ikatoa nyimbo zake tano za kwanza Desemba 2016 na albamu ya Just the Beginning Novemba 2017. Mwaka 2018 akazunguka Amerika Kaskazini akifungua maonyesho ya bendi ya Imagine Dragons. Kisha Disney ikampa nafasi ya mhusika mkuu katika filamu ya Stargirl ya mwaka 2020 na mwendelezo wake wa mwaka 2022.

Naomba tusimame kidogo kwenye filamu hiyo, kwa sababu ndipo hoja yangu inapoanzia. Mhusika aliyemwigiza ni msichana wa sekondari asiyefanana na wenzake, anayetembea na ukulele akiwaimbia watu. Yaani sokoni alikuwa akihitajika kwa kitu kilekile alichokileta jukwaani akiwa na miaka 12: ukulele, sauti yenye mkwaruzo na usafi wa kitoto. Simlaumu mwongozaji, na binti aliigiza vizuri. Ninachosema ni kwamba mtoto anakua kila mwezi ilhali bidhaa iliyouzwa kwa jina lake haikui. Kati ya albamu yake ya kwanza na ya pili ilipita zaidi ya miaka 7, na alipoitoa hiyo ya pili alikuwa chini ya kampuni nyingine, Pulse Records, akiwa na umri wa miaka 21, na jina aliloipa ni hilo la nyota mtoto. Aliyeachwa akue kwa amani halazimiki kuanza utu uzima wake kwa kulisemea neno hilo.

Marekani wana sheria, na ni ya zamani. Jackie Coogan, aliyeigiza akiwa mtoto na mchekeshaji Charlie Chaplin katika filamu ya The Kid mwaka 1921, aliingiza mamilioni ya dola utotoni, lakini alipokuwa mtu mzima akakuta mama yake na baba wa kambo wamezitumia. Aliwashtaki mwaka 1938 akaambulia takriban dola 126,000. Mwaka uliofuata California ikatunga sheria inayojulikana kwa jina lake, na leo asilimia 15 ya mapato ya mtoto msanii, kabla ya makato yoyote, lazima iwekwe kwenye akaunti ya amana ambayo mzazi hawezi kuigusa.

Sheria hiyo inalinda fedha. Haimlindi mtoto na mkataba wenyewe. Kwa kawaida mkataba uliosainiwa na mtoto unaweza kukanushwa naye baadaye kwa sababu ya umri wake, na kampuni zinalijua hilo. Kwa hiyo huko California zinaupeleka mahakamani uidhinishwe, na ukishaidhinishwa, ile haki ya kuukana kwa sababu ya utoto inakwisha. Napendekeza kwamba kila mkataba wa namna hiyo, hata ulioidhinishwa na jaji, ufunguliwe upya msanii anapotimiza miaka 18, akiwa na wakili wake mwenyewe, si wa wazazi na si wa kampuni. Naomba kuwasilisha.

MCHANGIAJI WA KWANZA

Ndugu mleta mada, nakuheshimu, lakini pendekezo lako litawaumiza walewale unaowatetea.

Kampuni ya kurekodi haitoi fedha kwa huruma. Inalipa studio, watayarishaji, video, matangazo na safari, ikitarajia kuzirudisha baada ya miaka kadhaa. Ukiiambia kwamba mtoto wa miaka 15 anaweza kuondoka baada ya miaka mitatu, yaani pale matunda yanapoanza kuiva, itafanya moja kati ya mambo mawili: itasubiri afikishe 18, au itamsajili kwa fedha kidogo na kumkamua haraka kabla muda haujaisha. Hilo la pili ndilo linalonitisha zaidi, kwa sababu mtoto atafanyishwa kazi ya miaka sita ndani ya mitatu.

Pili, wewe unazungumza kana kwamba umaarufu wa mapema ulimpokonya tu bila kumpa chochote. Ni nani angemwona Suffern? Mwaka 2024 Francis Ford Coppola, mmoja wa waongozaji wakubwa wa filamu walio hai, alimpa nafasi katika Megalopolis, akamwigiza Vesta Sweetwater, mwimbaji kijana ambaye usafi wake unauzwa hadharani kwa umma. Mwigizaji asiyeijua hali hiyo kwa ngozi yake mwenyewe angeifanyaje? Na albamu unayoisifu imetokana na maisha hayohayo. Wahenga walisema samaki mkunje angali mbichi. Kipaji nacho kinataka kushikwa mapema, na mtoto aliyetunga wimbo wake mwenyewe akiwa na miaka 12 alijua anachokitaka kuliko watu wazima wengi ninaowafahamu.

MCHANGIAJI WA PILI

Mimi ni mwalimu wa muziki na nitasema neno moja tu kuhusu chombo. Watoto tunawaanzishia ukulele kwa sababu nyuzi zake za nailoni haziumizi vidole, na kwa sababu mtoto akikandamiza uzi mmoja tu kwa kidole kimoja, kwenye nafasi ya tatu, tayari noti za akodi ya C, yaani sauti zinazopatana, zinaitikia zote kwa pamoja na uso wake unabadilika. Baada ya miaka miwili mitatu, mwenye kiu ya kweli huniomba gitaa au piano, kwa kuwa nyuzi nne haziteremki chini vya kutosha kwa nyimbo anazoanza kuzisikia kichwani. Sisemi kwamba ukulele ni ya watoto. Pale Hawaii wapo mabingwa waliozeeka nayo, tangu Wareno wa kisiwa cha Madeira walipoleta vigitaa vyao vidogo mwaka 1879. Lakini mwanafunzi wangu akibadilisha chombo nampongeza, ilhali msanii mtoto akifanya hivyo mashabiki humwona amewasaliti. Katika hilo mleta mada yuko sahihi.

MCHANGIAJI WA TATU

Naandika nikiwa New York, ninakoishi na familia yangu, na naandika kama mama. Binti yangu ameigiza matangazo mawili ya biashara na sehemu ndogo kwenye mchezo wa jukwaani. Si maarufu, na simtakii umaarufu wa aina hiyo kwa sasa, lakini makaratasi yake nimeyajaza kwa mkono wangu, kwa hiyo naomba niyaeleze.

Hapa mtoto hawezi kufanya kazi ya sanaa bila kibali cha jimbo, na kibali hicho huhuishwa kila mwaka. Daktari anathibitisha afya yake, shule inathibitisha kwamba maendeleo yake ya masomo yanaridhisha, na mzazi anafungua ile akaunti ya amana ya asilimia 15. Nilipokuwa nikijaza fomu ile mezani, binti yangu alisimama pembeni akaniuliza ni wapi anapoandika yeye. Nilipekua kurasa zote, mbele na nyuma. Palikuwa na sahihi ya mama, sahihi ya daktari, sahihi ya shule na nambari ya benki. Pa kwake sikupaona.

Ndugu mchangiaji wa kwanza, wewe umesema mtoto yule alijua anachokitaka. Inawezekana kabisa. Wangu pia anajua anachotaka, kila wiki kitu kipya, na sioni kosa lake, maana ana miaka 11. Kosa ni la watu wazima wanaochukua matakwa ya wiki moja na kuyafanya ya miaka saba. Tulipopewa mkataba wa pili, ulikuwa na kifungu cha kutumia sura yake bila kikomo cha muda. Niliomba kiwe miaka miwili. Yule aliyekuwa akizungumza nami kwa niaba ya kampuni alinyamaza kidogo, kisha akasema hakuna mzazi aliyewahi kumwomba hivyo, na siku ya pili wakakubali. Sikutarajia ingekuwa rahisi namna ile.

Mjue pia kwamba sheria zinaendelea kusogea. Tangu Julai 2024 jimbo la Illinois limewapa watoto wanaoonyeshwa kwenye video za familia mtandaoni haki ya kupata sehemu ya mapato, na California imefuata. Lakini zote hizo, kama alivyosema mleta mada, zinazungumzia zaidi fedha.

MLETA MADA

Nimesoma yote kwa makini na nashukuru, hasa wewe Mama wa New York, kwa sababu fomu ile umeniweka nayo mezani.

Ndugu mchangiaji wa kwanza, hoja yako ya kampuni kumkamua mtoto haraka ni nzito na sikuwa nimeifikiria. Nakubali kwamba haki ya kuondoka ghafla siku ya kuzaliwa ya 18 inaweza kugeuka balaa. Kwa hiyo narekebisha: badala ya mkataba kufa siku hiyo, ufunguliwe kwa majadiliano, kampuni ikihakikishiwa kurudishiwa gharama zake za kweli kwa hesabu zinazoonekana, na msanii akipewa uamuzi wa mwisho juu ya mambo matatu tu, yaani sura yake, jina lake na rekodi zake. Saa za kazi tayari zina kikomo. California mtoto wa miaka 9 hadi 15 hazidi saa 5 za kazi kwa siku ya shule, nyingine 3 zikiwa za masomo. Kikomo hicho kisimamiwe kweli, na ile hofu yako ya kazi ya miaka sita ndani ya mitatu itapungua.

Nasisitiza rekodi kwa sababu ya mfano ambao Simon Cowell mwenyewe alituletea bila kukusudia. Taylor Swift aliyefananishwa na binti huyu aliingia mkataba wake wa kwanza wa kurekodi akiwa kijana chini ya miaka 18. Mwaka 2019 rekodi za albamu zake sita za kwanza ziliuzwa pamoja na kampuni iliyozimiliki, akaanza kurekodi upya baadhi yake, akizitoa moja baada ya nyingine kuanzia 2021, na ilipofika Mei 2025 ndipo akazinunua zile za asili kuwa mali yake. Huyo ni mmoja wa wasanii matajiri kuliko wote duniani, na ilimchukua takriban miaka 20 kumiliki alichokiimba akiwa msichana. Wengine wenye ahadi kama yake hawana fedha hizo wala mashabiki wa kununua wimbo uleule mara mbili.

Kuhusu samaki, methali ni ya kweli, ila naomba tumtazame anayemkunja. Mzazi hukunja ili mtoto asivunjike ukubwani. Kampuni hukunja ili atoshe kwenye kopo. Grace VanderWaal aliandika wimbo wa kutolijua jina lake akiwa na miaka 12, na watu wazima wakakimbilia kumpa la mtu mwingine papo hapo. Mama wa New York, fomu yako ikija tena mwakani, ningeomba umwachie binti yako mstari mmoja chini ya sahihi yako, aandike kwa mkono wake kama bado anataka, hata kama ofisi haitausoma.