Dijei umeviua Vita vya Wakati na mimi sinyamazi

Asalaam aleikum wadau. Naandika nikiwa na hasira, kwa hivyo mtanisamehe nikienda mbio mbio. Jana usiku hapa Amu (Lamu), mtaa wa Langoni, tumekaa watu kumi na mmoja kwenye kibanda cha video, wengine watu wazima na heshima zao nimewatoa barazani mimi mwenyewe, kila mtu katoa hamsini yake, tuangalie ile epsodi ya Doctor Who, tamthilia ya Kiingereza ya msafiri wa wakati aitwaye Doctor, ile ya 2013, ile ya kutimiza miaka 50 tangu BBC waanze kuionyesha 1963. Ndiyo yenye vita vya wakati, baina ya Time Lords, ambao Doctor ni mmoja wao, na maadui zao Daleks. Wiki nzima nimekuwa nikiwahadithia hawa wazee. Mwenye kibanda kaja na flashi yake, kumbe kilichomo ni ile iliyotafsiriwa na dijei, yule anayeongea Kiswahili kwenye maiki juu ya sauti ya muvi.

Jamani, yule mtu kaiua.

Nianze na majina. Time Lords yeye yuawaita "Mafundi Saa". Mafundi saa! Watu walioweza kuingia ndani ya wakati wenyewe, wakaenda mbele na nyuma watakavyo, wamegeuzwa watu wa kutia betri. Saa ni ile ya ukutani, wakati ni kitu chengine kabisa, mtoto wa chuoni ajua hilo. Na Daleks kawaita maroboti mwanzo mpaka mwisho. Mle ndani ya lile pipa la chuma mna kiumbe hai, kina mikono kama pweza, kimetengenezwa kisijue kitu ila chuki. Roboti halina chuki, unalizima basi. Ukishasema roboti hakuna tena sababu ya vita.

Halafu kaifanya ya stelingi na adui. Pale hakuna stelingi bana! Ugomvi wenyewe una mizizi, kwenye hadithi yao ya 1975 hao hao Time Lords walimtuma Doctor arudi nyuma akazuie Daleks wasiumbwe kabisa, akafika mpaka kashika nyaya mbili mkononi, zikigusana tu wamekwisha, akasita akajiuliza ana haki gani. Mashabiki wengi tunahesabu kuwa risasi ya kwanza ililia hapo. Daleks nao wakaja wakaijua elimu ya kusafiri katika wakati, ndio ikawa vita visivyo na jana wala kesho, mamilioni wanakufa kila sekunde na wakati wenyewe unawafufua wafe tena kifo chengine. Mwishowe Rassilon, rais wa Time Lords, akataka kuuvunja wakati wote, kila chenye uhai kife, wao wabaki fikra tu bila miili. Sasa niambieni stelingi ni nani hapo. Ndiyo maana Doctor aliamua kuchoma pande zote mbili, kwao na kwa adui, na ndiyo maana tangu 2005 iliporudi kwenye televisheni tumekuwa tukimwona mtu aliyebeba mzigo asioweza kuutaja.

Na mzigo wenyewe ni ile sehemu ya banda. Marehemu John Hurt, ndiye Doctor wa wakati wa vita, mzee kachoka, kaibeba silaha kwenye gunia, yuatembea jangwani peke yake mpaka banda bovu la mbao. Silaha ile ina dhamiri, yamjia kwa sura ya msichana, yamwuliza kule kwao kuna watoto wangapi. Asema hajui. Aambiwa siku moja utawahesabu. Pale pametulia, hata muziki umeshuka, lazima pawe kimya. Dijei kafanya nini? Kaanza kusalimia washkaji zake na kutangaza duka la simu! Na mbele kidogo, mzee yuko kifungoni na nafsi zake mbili za baadaye (Doctor hubadili mwili, kila mwili una Doctor wake), auliza kama waliwahi kuwahesabu wale watoto, mmoja adai hakumbuki, mwengine ajibu papo hapo, bilioni 2.47. Hesabu ile ndiyo moyo wa hadithi nzima. Watu kumi na mmoja hatukuisikia, yeye yuacheka kwenye maiki.

Nikasimama nikamwambia mwenye kibanda zima sauti yote. Kukawa kimya, nikahadithia mimi kwa mdomo wangu.

Ikafika mwisho, Madoctor wote wanakusanyika, sayari ya Time Lords inazungukwa na meli za Daleks zinapiga moto kutoka kila upande, ghafla sayari haipo, imefichwa ndani ya nukta moja ya wakati, na ule moto unawarudia wenyewe kwa wenyewe. Sikuwahi kufungua mdomo. Mjomba wangu, hajui Kiingereza hata kidogo, akasema, "Hawa wameachwa na maji. Kama Shela."

Kwa wasiojua, miaka ya 1810 hivi watu wa Pate na wa Mombasa walikuja kutupiga, wakashindwa, wakakimbilia majahazi yao pale ufuoni Shela, hapa hapa kisiwani, wakayakuta yamekaa mchangani, maji yamekupwa. Wakafia pale pale ufuoni. Wazee wetu wamelihadithia hilo mpaka leo. Mzee wa Amu asiyesikia neno lolote la Kiingereza kaelewa vita vya wakati kwa kuangalia tu, na dijei mwenye maiki na Kiingereza chake hakuelewa kitu.

Kwa hivyo nasema hivi, madijei wa namna hii wakae na muvi za mangumi, hii watuachie. Nimeanza kuandika tafsiri yangu ya maandishi ya chini ya skrini, mstari kwa mstari, naomba mwenye kopi safi isiyopitiwa na dijei anitafute. Nimekwama neno moja. Baada ya vita, vilifungiwa, hakuna kuingia wala kutoka hata ukiwa na chombo cha kusafiri wakati. Mimi niliandika "kufuli la wakati". Mjomba akataa, asema kufuli hutiwa na aliye nje, ila wale waliomo ndani hawakusikika tena, bora "komeo". Nami nasema komeo hutiwa na aliye ndani, na wale hawakujifungia. Wenye Kiswahili chao nisaidieni hapo.