Naomba ushauri: maswali ya Chicago yananigomea Mbagala

Habari zenu wakuu, naombeni msaada hasa mliosoma sosholojia. Nafanya utafiti wa masta kuhusu uhalifu na mshikamano wa majirani, nalinganisha mtaa mmoja Mbagala, uswahilini, na mwingine Mikocheni, ushuani, hapa Dar. Natumia maswali ya mwanasosholojia Sampson na wenzake, ule utafiti wa Chicago uliotoka 1997, walihoji watu zaidi ya 8,000 wakaona mtaa ambao majirani wanaaminiana na wako tayari kuingilia kati unakuwa na vurugu kidogo hata ukiwa wa maskini. Nalipenda sana hili wazo maana watu wa uswahilini tunaonekana wahalifu wote.

Sasa kwenye majaribio, swali la watoto watoro wa shule linaeleweka fresh, ila lile la majirani kuchukua hatua kituo cha zimamoto kikitaka kukatiwa bajeti watu wananishangaa tu. Halafu mjumbe wa mtaa anayenitambulisha akiwa pembeni kila mtu anasema mtaa shwari, akiondoka ndo unasikia habari za Panya Road (yale magenge ya vijana wanaopora) na vijana kubebwa hovyo kwenye misako. Nikajaribu kwenda bila mjumbe wakanihisi wa polisi au wa mikopo. Mikocheni nako naishia kuongea na mlinzi getini.

Nikiweka swali la mchango wa ulinzi shirikishi (wananchi kulinda mtaa wao) badala ya zimamoto, bado naweza kulinganisha na Chicago? Na nimwambieje mjumbe anitambulishe tu kisha atuache, bila kumvunjia heshima?