Beauchamp na Beecham: ukoo mmoja au majina mawili? Naomba ushauri

Mama Mapacha:
Wakuu salaam. Wanangu wanatumia jina la baba yao, Beauchamp, nao hulitamka "Bicham". Nina karatasi mbili za babu wa baba yao: cheti cha ndoa cha Worcester, Massachusetts, 1912, kinasema Beecham, picha ya jiwe la kaburi inasema Beauchamp. Upande mmoja wa familia unadai asili ni Uingereza, kwa mabwana wa Warwick kabisa. Mwingine unasema ni Wafaransa wa Quebec, Kanada. Nianzie wapi? Halafu kuna tovuti inauza nembo ya ukoo kwa dola 40, nichukue?

Karani wa Masjala:
Dada, hizo dola 40 lipia nakala za vyeti. Kwa Waingereza nembo hupewa mtu, ikarithiwa na uzao wake. Jina la ukoo peke yake halina nembo.

Jina lenyewe ni la Kifaransa, beau champ, yaani konde zuri, ila limeingia Kiingereza kwa njia mbili. Ya kwanza ni ya Wanormandi, watu wa kaskazini mwa Ufaransa, waliovuka na mfalme William kuiteka Uingereza mwaka 1066. Hugh de Beauchamp yumo katika daftari la Domesday la 1086, orodha ya ardhi ya William, ana mashamba Bedfordshire. Lakini Ufaransa ina zaidi ya sehemu moja iitwayo Beauchamp, kwa hiyo wale wa Bedford, wa Warwick na wa Hatch Beauchamp kule Somerset hawajathibitishwa kuwa damu moja. Na hao wa Warwick, walioshika cheo tangu 1268, waliishiwa mrithi wa kiume 1446. Anayejinasibisha nao aonyeshe kwanza anatoka tawi lipi.

Uingereza matamshi yakawa Bicham na tahajia ikafuata mdomo: Beecham, Beacham, Beachem. Hati za Kilatini huandika de Bello Campo. Akitokea mtu akakutafsiria "uwanja wa vita", mkatalie, bello hapo ni "zuri". Belcham wa Essex nao waweke kando. Vijiji vya Belchamp huko asili yake ni Kiingereza cha kale, Kifaransa kilivamia tahajia tu.

Mjukuu wa Karafuu:
Mimi naegemea njia ya pili, ya Quebec. Wakanada Wafaransa wapatao 900,000 walihamia Marekani kati ya 1840 na 1930, wengi wakifuata viwanda vya New England, kaskazini-mashariki mwa nchi hiyo, na Worcester walikuwa na parokia zao. Quebec jina hili hutamkwa karibu na "Bo-sha": p haisikiki, m inaishia puani. Karani asiyejua Kifaransa aliweza kuandika alichosikia, Boshan au Boshong. Aliyeliona kwenye karatasi akalisoma Kiingereza, Bicham. Ndiyo maana matamshi ya leo hayawezi kukuamulia kesi.

Watu wengi hukwama kwenye faharasa za Soundex, zinazopanga majina kwa msimbo wa sauti. Mfumo huo hubakiza herufi ya kwanza, hutupa irabu na herufi kama h, kisha konsonanti zinazofuata huzipa namba. Beecham ni B250. Beauchamp, kwa sababu ya ile p ya mwisho, ni B251. Boshan inarudi B250, Boshong inakwenda B252. Ukitafuta msimbo mmoja tu, ndugu wa tumbo moja wanakupotea.

Kisha fungua sensa za Marekani za 1900 na 1910. Makarani waliagizwa kutenganisha Kanada ya Kifaransa na ya Kiingereza, hivyo kwenye safu ya mahali pa kuzaliwa tazama kama kuna "Fr" kando ya Canada. Ya 1890 usiisumbukie, karibu yote imepotea tangu moto wa 1921.

Mama Mapacha:
Asanteni sana. Cheti kinamtaja mama wa bwana harusi: Mary King, amezaliwa Kanada.

Karani wa Masjala:
Hapo pametamu. King wa New England anaweza kuwa Roy aliyetafsiriwa, kama Leblanc alivyogeuka White na Boisvert akawa Greenwood. Ila King wa Kiayalandi naye yupo tele, usimhukumu bado. Rejista za Quebec humwandika mwanamke kwa jina la baba yake hata akiolewa, basi tafuta jozi: Beauchamp na Roy kwenye ndoa za parokia. Jina moja likikosewa, la pili litakushika mkono. Ukikuta neno dit katikati ya majina mawili, la pili ni la utani lililozoeleka kama la ukoo, na watoto waliweza kubaki na lolote kati ya hayo.

Nani alifungisha ndoa?

Mama Mapacha:
Padri, mwenye jina la Kifaransa.

Mjukuu wa Karafuu:
Basi cheti cha serikali kimefika mwisho wake. Andikia ofisi ya kumbukumbu ya jimbo katoliki, uombe picha ya ukurasa mzima wa kitabu cha ndoa, si nakala iliyochapwa upya, maana mchapaji huweza kunyoosha tahajia. Unachowinda ni parokia aliyobatizwa. Tangu Pasaka ya 1908 kanisa lililofungisha ndoa lilitakiwa kuijulisha parokia ya ubatizo, ndoa iandikwe pembeni mwa jina. Ukikuta Beauchamp katika daftari la ubatizo na pembeni yake pana Worcester 1912, huyo ndiye Beecham wako.