Naomba ushauri: ubao wa "Siku kama ya leo" na tarehe 14 Oktoba

Shikamooni wakubwa, na wengine habari zenu. Nafundisha historia sekondari, na kila wiki nabandika ubaoni matukio ya zamani yaliyoangukia tarehe moja. Wanafunzi wameupenda kweli ubao huu, hata wa mchepuo wa sayansi husimama kusoma.

Sasa 14 Oktoba imenikwamisha. Ndiyo siku Mwalimu Nyerere alipofariki London mwaka 1999, na kwetu ni siku ya kumkumbuka. Lakini tarehe hiyohiyo, mwaka 1930, Mobutu, aliyekuja kuitawala Kongo kidikteta, alizaliwa Lisala, nchini humo. Tena mwaka 1964 Khrushchev, kiongozi wa Umoja wa Kisovyeti, aliondolewa madarakani Moscow, siku ileile ilipotangazwa kwamba Martin Luther King amepata Tuzo ya Nobel ya Amani.

Mwenzangu anasema kumweka Mobutu karibu na Mwalimu ni kumvunjia heshima marehemu. Mimi naona hapo hasa ndipo penye somo: nchi jirani, marais wa zama moja, njia mbili tofauti kabisa. Ila sitaki watoto wadhani tarehe yenyewe ina nguvu ya kuunganisha mambo.

Kuna pia vita vya Hastings, Uingereza, 14 Oktoba 1066. Hiyo ni kwa kalenda ya Julius, iliyotumika zamani kabla ya hii yetu. Kwa kalenda yetu ya leo ingekuwa 20 Oktoba. Niviweke wapi?

Mliowahi kufanya kitu kama hiki, mlichaguaje? Na Mwalimu nimtengee ubao wake peke yake, au nimwache na wenzake?